Jaji Horton na Watu Wake

Mwaka 1934, wapigakura wa kaunti kadhaa za kaskazini mwa Alabama, huko Marekani, walimwondoa jaji wao. Hakuwa ameiba, hakuwa mlevi, wala hakuna aliyedai kwamba hajui sheria. Miaka sita kabla ya hapo watu hao hao walimrudisha kitini bila hata mpinzani mmoja kujitokeza. Aliitwa James Edwin Horton. Kati ya uchaguzi ule na huu ilipita kesi moja, na katika kesi hiyo ilipita siku moja ya Juni 1933 ambayo Horton alikaa mbele ya watu akasoma uamuzi wake. Siku hiyo nimekuwa nikiizunguka kwa miaka, nikiisoma na kuiacha, kila mara nikidhani nimeimaliza.

Mara ya kwanza niliisoma kwa haraka na nikaipenda kwa haraka. Nimefundisha shule ya msingi maisha yangu yote ya kazi, na sisi walimu tuna udhaifu wa kupenda visa vinavyofundishika: mtu mmoja, umati, ukweli, gharama. Mpe mtoto wa darasa la sita kisa cha namna hiyo, ataandika insha nzuri nawe utampa alama zake. Ilinichukua muda kuona kwamba habari za Horton hazikai vizuri ndani ya insha. Kila ninapozigeuza kuna upande unaochoma.

Alizaliwa mwaka 1878 katika familia ya mashamba makubwa, familia iliyowahi kumiliki watumwa na iliyokuwa upande wa Kusini wakati wa vita vya wenyewe kwa wenyewe. Kwanza alijaribu kusomea udaktari, akaacha, akahitimu sheria katika Chuo Kikuu cha Cumberland kule Tennessee mwaka 1899. Akawa wakili, akaingia katika bunge la jimbo, na mwaka 1922 akachaguliwa kuwa jaji wa mzunguko wa nane, mahakama iliyokuwa ikihama kutoka makao ya kaunti moja hadi nyingine. Alikuwa mrefu, mpole wa maneno, na waandishi wa habari waliomwona kitini walipenda kumfananisha na Abraham Lincoln asiye na ndevu. Nayataja haya ili tusimgeuze mgeni katika mji wake mwenyewe. Alikuwa mwana wa pale kabisa. Waliompigia kura walimjua yeye, na wengi wao walimjua na baba yake.

Hapa kwetu Tanzania jaji huteuliwa na Rais baada ya kushauriana na Tume ya Utumishi wa Mahakama, na picha ya jaji anayepita kijiji kwa kijiji akiomba kura hutuchekesha. Nami ilinichekesha, hadi niliposoma ilikotoka. Majaji wa serikali ya shirikisho la Marekani huteuliwa, tena kwa maisha. Wa majimbo ni habari nyingine. Mississippi ilianza kuwachagua majaji wake wote kwa kura mwaka 1832, New York ikafuata kwa katiba yake ya 1846, na majimbo mengi yakaiga. Walioanzisha jambo hili hawakukusudia kumfanya jaji mwanasiasa. Walikuwa wamechoshwa na majaji waliokuwa watu wa gavana au watu wa bunge, waliopewa kiti kama fadhila wakairudisha fadhila hiyo kwa hukumu. Wakaona ni heri jaji awe na bwana mmoja tu, mwananchi, ili asimwogope mkubwa yeyote. Yaani kura ilikuwa njia ya kumpa uhuru. Sioni la kucheka hapo. Naona tu swali ambalo halikuulizwa kwa sauti ya kutosha: siku mwananchi mwenyewe ndiye aliyekasirika, jaji ataegemea wapi?

Kesi yenyewe inajulikana duniani kwa jina la mji wa Scottsboro. Tarehe 25 Machi 1931, treni ya mizigo iliyokuwa ikitoka Chattanooga kwenda Memphis ilisimamishwa kwenye stesheni ndogo ya Paint Rock. Ilikuwa miaka ya mdororo mkubwa wa uchumi, na vijana wengi, weusi kwa weupe, walikuwa wakidandia mabehewa kutafuta kibarua. Humo njiani ulizuka ugomvi, baadhi ya vijana weupe wakashushwa kwa nguvu, nao wakaenda kushtaki. Vijana tisa weusi wakakamatwa, wadogo wao wakiwa na miaka 13. Wasichana wawili weupe waliokuwemo kwenye treni hiyo, Victoria Price na Ruby Bates, wakasema wamebakwa. Haikutimia hata mwezi: kufikia tarehe 9 Aprili, wanane kati ya wale tisa walikuwa wamekwisha hukumiwa kifo. Mwaka 1932 Mahakama ya Juu ya Marekani ilizitengua hukumu hizo kwa sababu washtakiwa hawakupatiwa wakili wa maana, na kesi zikaanza upya. Ya Haywood Patterson ndiyo iliyotangulia, mjini Decatur, mwisho wa Machi 1933. Jaji alikuwa Horton.

Katika siku za mwanzo za kesi hiyo simwoni shujaa. Wakili wa utetezi, Samuel Leibowitz kutoka New York, alilalamika kwamba katika orodha ya watu wa kuitwa kwenye juri hamkuwa na mtu mweusi hata mmoja. Horton alilikataa ombi lake, na kesi ikaendelea mbele ya wanaume kumi na wawili weupe. Miaka miwili baadaye Mahakama ya Juu ya nchi ililikubali jambo hilo hilo alilolikataa. Siku nyingine, tetesi za kundi la watu waliokusudia kuwateka na kuwaua washtakiwa zilipomfikia, alilitoa juri nje na kuwaambia waliobaki ukumbini kwamba wafungwa wako chini ya ulinzi wa mahakama, kwamba atakayewaua ni muuaji tu kama wauaji wengine, na kwamba walinzi wanapaswa kuwakinga hata kwa maisha yao. Ni mtu yule yule. Jambo moja aliliona, jingine lililosimama mbele ya macho yake hakuliona, na nadhani kwa hali ya kawaida ya binadamu ndivyo tunavyoona.

Kisha kuna habari ya daktari.

Madaktari wawili waliwapima wale wasichana muda mfupi baada ya treni kusimamishwa. Mmoja, Dakta Bridges, alitoa ushahidi, na maelezo yake, ingawa aliletwa na upande wa mashtaka, yaliwasaidia zaidi washtakiwa. Wa pili, kijana aliyeitwa Marvin Lynch, upande wa mashtaka uliomba asisimame, kwa hoja kwamba angerudia tu yaliyokwisha semwa. Kwa mujibu wa Horton mwenyewe, aliyeisimulia habari hii miaka mingi baadaye, daktari huyo aliomba kuzungumza naye faraghani. Mahali pekee palipopatikana palikuwa chooni mwa jengo la mahakama, mlinzi akisimama mlangoni. Humo daktari akamwambia kwamba wasichana wale hawakubakwa, kwamba aliwaambia hivyo usoni nao wakacheka. Horton akamsihi apande kizimbani aseme. Kijana akajibu kwamba ana miaka minne tu tangu amalize chuo, na akisimama upande wa wale vijana hataweza tena kurudi kufanya kazi katika kaunti yake.

Horton hakumlazimisha. Angeweza kumwita kwa amri. Angeweza kuikatisha kesi pale pale. Aliacha iendelee, akitumaini kwamba juri litauona ukweli bila msaada wa daktari. Ruby Bates mwenyewe alijitokeza akakana aliyoyasema mwanzo. Alikuwa shahidi wa utetezi sasa, na hakuaminiwa. Tarehe 9 Aprili, Jumapili ya Matawi, juri lilirudi na hukumu ya kifo kwa kiti cha umeme.

Zamani nilikuwa nikiipita habari ya daktari upesi, nikikimbilia Juni. Sasa ndiyo inayonikalisha. Naona watu wawili wamesimama kwenye chumba chenye harufu ya maji machafu. Mmoja anaishi kwa kura za kaunti ile, mwingine anaishi kwa wagonjwa wa kaunti ile, na wote wawili wanajua jambo lile lile. Yule kijana hakupigiwa kura na mtu yeyote, na bado aliogopa kama mgombea. Hilo lilinivurugia hesabu zangu, kwa maana nilikuwa nimeshaamua kwamba ubaya wote uko kwenye sanduku la kura.

Nami nina kipande changu kidogo cha jambo hili, kidogo kiasi kwamba naona haya kukiweka karibu na Decatur. Miaka ya tisini niliwahi kuwa mzee wa baraza katika mahakama ya mwanzo ya mji ninakoishi. Anayezijua mahakama hizo anajua kwamba hakimu hakuwa akikaa peke yake. Alikaa na wazee wawili, na kila mmoja alikuwa na sauti yake katika uamuzi, wengi wakishinda. Hatukuchaguliwa kwa kura, ila tulitoka mtaani asubuhi na jioni tukarudi mtaani.

Lilikuja shauri la shamba la mahindi lililoliwa na ng'ombe. Mdai alikuwa mtu wa pale, mcheshi, asiyekosa kwenye msiba wa mtu. Mdaiwa alikuwa mfugaji aliyehamia majuzi, asiye na hata ndugu wa kumshikia baiskeli nje. Mji mzima ulijua kwamba ng'ombe ni wake. Lakini mashahidi wa mdai waliposimama kila mmoja kwa zamu yake, mmoja aliwaona ng'ombe shambani alfajiri, mwingine akawaona machweo ya siku hiyo hiyo akiapa kwamba ndio kwanza wanaingia, na mfugaji akaleta mtu aliyeshinda naye mnadani. Tulipoingia chumbani kwa hakimu, mzee mwenzangu, bibi mmoja muuza vitenge, ndiye aliyeanza kusema. Akasema madai hayajathibitika.

Nikamuuliza taratibu, "Bi mkubwa, na kesho sokoni?"

Akanitazama. "Mwalimu, mimi sokoni nakwenda kuuza vitenge."

Hakimu akacheka, na tukakubaliana sote watatu.

Hakuna aliyetudhuru. Mdai aliendelea kuniamkia kama kawaida. Ila muuza nyanya niliyezoea kuongezewa naye alianza kunipa fungu kama lilivyo, na kwenye harusi ya jirani nilijikuta nimekaa kwenye kona yenye viti vingi vitupu. Labda ilisadifu tu. Nilikuwa nikitarajia hasira, na hasira nilikuwa nimejiandaa nayo. Sikujiandaa na kupunguziwa kidogo kidogo kitu ambacho sikuwahi kujua kwamba nilikuwa nikipewa. Na hadi leo sijui ng'ombe walikuwa wa nani. Huenda walikuwa wa yule mfugaji. Sisi hatukusema si wake. Tulisema haikuthibitika, na tofauti ya maneno hayo mawili, ambayo chumbani kwa hakimu ilikuwa wazi mno, nilipofika nayo mtaani sikupata mtu wa kumweleza.

Nikirudi kwa Horton baada ya hapo, ninamwona polepole zaidi. Kutoka Aprili hadi Juni alikuwa na miezi miwili na zaidi ya kukaa na jalada. Inasimuliwa kwamba alionywa: ukiigusa hukumu hii hutarudi kitini, naye akauliza hilo lina uhusiano gani na kesi. Tarehe 22 Juni, kwenye jengo la mahakama la mji wake wa Athens, wengi walitarajia ombi la utetezi la kusikilizwa upya litupwe kwa maneno machache. Badala yake alifungua karatasi zake na kusoma kwa kirefu. Alipima ushahidi kipande kwa kipande. Victoria Price alisema alibakwa na watu sita juu ya behewa lililojaa kokoto zenye ncha. Daktari aliyempima muda mfupi baadaye hakukuta majeraha ya namna hiyo, na mapigo ya moyo na pumzi zake vilikuwa vya kawaida. Ilikuwa mchana, behewa wazi, treni ikipita katikati ya miji. Hakuna shahidi mwingine aliyeunga mkono maelezo yake. Horton akaitengua hukumu ya kifo na kuamuru Patterson asikilizwe upya.

Yule daktari wa chooni hakumtaja. Nimelifikiria sana hilo. Alikuwa na ukweli mkononi mwake, lakini ukweli huo haukusemwa mahakamani, haukuhojiwa na upande wa pili, basi aliandika uamuzi wake wote kwa yale yaliyosemwa hadharani tu. Sijui ni nidhamu kiasi gani inahitajika kwa mtu kufanya hivyo. Pengine kile alichokijua ndicho kilichompa nguvu ya kuusoma ushahidi kwa makini vile. Pengine bila chooni kusingekuwa na Juni. Na daktari mwenyewe, alipoulizwa na mwanahistoria zaidi ya miaka thelathini baadaye, alikana kwamba aliwahi kusema maneno hayo. Kwa hiyo hata kipande ninachokitegemea zaidi kimesimama juu ya neno la mtu mmoja dhidi ya neno la mwingine. Mimi namwamini jaji. Ninatambua kwamba ninamwamini kwa sababu nampenda.

Kuna kitu kingine ndani ya uamuzi ule, na hiki watu wanaomsifu hukiruka. Karibu na mwisho, Horton aliandika kwamba wanawake wa tabia kama ya wale wawili wana kawaida ya kusingizia watu kwa sababu ya masilahi yao. Price na Bates walikuwa wafanyakazi maskini wa viwanda vya pamba, na Price alisema uongo uliokaribia kuua watu. Hata hivyo ile haikuwa hoja ya ushahidi. Ilikuwa desturi ya mji ikisema kupitia mdomo wa jaji, wakati ule ule ambapo mdomo huo ulikuwa ukiipinga desturi nyingine ya mji. Nina mabinti. Nikifika sentensi hiyo huiweka karatasi chini kidogo kabla ya kuendelea.

Halafu ikaja 1934. Horton hakujiuzulu, hakukimbia, aligombea tena. Alabama ya wakati huo ilikuwa ya chama kimoja kwa matendo, chama cha Democratic, na aliyeanguka kwenye kura za maoni za chama alikuwa ameanguka moja kwa moja. Msomaji wa kwetu hahitaji kuelezwa sana juu ya hilo. Aliangushwa. Mwaka huo huo Thomas Knight, Mwanasheria Mkuu wa jimbo aliyemshtaki Patterson mbele ya Horton, alichaguliwa kuwa naibu gavana. Mtu akiweka matokeo hayo mawili pamoja haachi nafasi ya kusema labda watu hawakuelewa. Walielewa.

Hapo ndipo nilipokuwa nikifika na kufunga kitabu, nikisema: haya ndiyo malipo ya kumwachia mwananchi jaji wake. Siku moja nikaanza kujiuliza mwananchi yupi. Katiba ya Alabama ya mwaka 1901 ilitungwa makusudi kuwatoa watu weusi kwenye daftari la wapigakura, kwa kodi ya kura, kwa mitihani ya kusoma na kuandika, kwa vifungu vilivyoachwa mikononi mwa msajili, na iliwatoa kweli, pamoja na weupe wengi maskini. Watu weusi wa kaunti zile, watu ambao uhai wa vijana kama wao ulikuwa mezani pa jaji, karibu wote hawakuwa na karatasi ya kutumbukiza mahali popote. Horton hakuhukumiwa na wananchi. Alihukumiwa na ile sehemu ya wananchi iliyowafungia wengine mlango. Sijui ni wangapi kati ya wale waliofungiwa nje wangempigia kura.

Wazo hilo lilinituliza kwa muda, kisha likaacha. Kwa maana mwaka 1986 kule California, mahali ambapo karibu kila raia mtu mzima alikuwa na haki ya kura, wapigakura walimwondoa Jaji Mkuu Rose Bird na wenzake wawili, sababu kubwa ikiwa misimamo yao katika kesi za adhabu ya kifo. Na mwaka 2004 kule West Virginia, mkuu wa kampuni ya makaa ya mawe alitumia dola milioni 3 kumsaidia mgombea wa kiti cha Mahakama ya Juu ya jimbo wakati kampuni yake ilikuwa na rufaa kubwa njiani kwenda mahakama hiyo hiyo. Mgombea akashinda, akakaa kwenye rufaa, na mwaka 2009 ilibidi Mahakama ya Juu ya nchi iseme, kwa kura tano dhidi ya nne, kwamba hakupaswa kukaa. Missouri tangu 1940 ilijaribu njia ya katikati: kamati hupendekeza majina, gavana huteua, na baada ya muda mwananchi huulizwa tu kama jaji abaki au aende. Majimbo kadhaa yaliiga, California nayo ina namna yake ya kura hiyo ya abaki au aende, na ndiyo iliyomwondoa Bird. Kila mlango unaofungwa, hofu inatafuta mwingine. Hata sisi wenye majaji wa kuteuliwa tusijipongeze mapema. Anayeteuliwa naye anamjua aliyemteua.

Na wale vijana? Uamuzi wa Juni haukumfungulia Patterson mlango. Kesi zilihamishiwa kwa jaji mwingine, na kabla mwaka haujaisha alikuwa amehukumiwa kifo tena. Mwaka 1936 alipewa kifungo cha miaka 75. Mwaka 1937 wanne kati ya wale tisa walifutiwa mashtaka. Wengine waliendelea kuozea gerezani, wa mwisho akitoka 1950. Patterson alitoroka mwaka 1948, akafia gerezani Michigan mwaka 1952, alikofungwa kwa kosa lingine. Hakuna hata mmoja kati ya tisa aliyenyongwa wala kukalishwa kwenye kiti cha umeme, na ni halali kusema Horton alichangia hilo, lakini ukimweka Patterson mbele yako na kumweleza kwamba jaji alifanya jambo kubwa, sina hakika angekujibu nini. Horton mwenyewe alirudi kwenye uwakili na shamba lake. Alipoulizwa uzeeni kwa nini alifanya vile, alitaja msemo wa Kilatini aliofundishwa nyumbani utotoni, kwamba haki itendeke hata mbingu zikianguka. Ni msemo mzuri, nami niliwahi kuuandika ubaoni. Siku hizi huona kwamba wale vijana tisa mbingu zilikuwa zimeshawaangukia pale Paint Rock, na mbingu za jaji hazikuanguka sana: alipoteza kiti, akabaki na shamba, heshima yake ikarudi kidogo kidogo, akaishi hadi miaka 95. Mwaka 2017 mji wa Athens ulimsimamishia sanamu ya shaba karibu na mahakama. Silisemi hili kumpunguza. Nalisema kwa sababu tuliyempenda huwa tunamkuzia hasara ili tumkuzie na wema.

Jaji mwingine wa kuchaguliwa wa Alabama ananisumbua zaidi ya huyu. George Wallace alikuwa jaji wa mzunguko katika miaka ya hamsini, kabla ya kuwa gavana. J. L. Chestnut, wakili mweusi aliyesimama mbele yake enzi hizo, alisimulia baadaye kwamba Wallace alikuwa jaji wa kwanza kumwita "Bwana" mahakamani. Kisha Wallace akashindwa ugavana mwaka 1958, akaona kura ziko wapi, akazifuata. Akaapishwa mwaka 1963 akiahidi kwamba watu wataendelea kutengwa kwa rangi milele. Alikuwa na sikio zuri la wapigakura kuliko Horton. Mwaka 1965 sheria ya haki za kura ikawarudisha watu weusi wa Alabama kwenye daftari, kwa maelfu, na sikio lile likaanza kusikia sauti nyingine.

Oktoba 1976, Clarence Norris, aliyekuwa mmoja wa wale tisa, aliyewahi kuhukumiwa kifo na aliyeishi miaka thelathini akihesabiwa mtoro, alipewa msamaha kamili na jimbo la Alabama, na gavana aliyeutia saini alikuwa Wallace. Nimewahi kubishana na rafiki yangu mmoja, naye mwalimu mstaafu, usiku mzima juu ya saini hiyo. Yeye anasema mtu alibadilika: alikwisha pigwa risasi, alikuwa kwenye kiti cha magurudumu, alijua mauti. Mimi nikasema alihesabu kura tu. Alfajiri tulikuwa tumebadilishana pande bila kujua, yeye akitetea hesabu, mimi nikitetea moyo, na mke wangu akatoka kutuuliza kama chai tutakunywa au tutaendelea kumhukumu mtu asiyekuwepo. Norris alikuwa na miaka 64 alipoipokea karatasi yake. Horton hakuiona siku hiyo. Alikuwa amefariki miaka mitatu nyuma.